Kitenge Mbele ya Maandamano

Jumamosi iliyopita, saa tisa kamili alasiri, mama mmoja Mkongo aliketi kando yangu katika ukumbi mdogo wa South Beach, mtaa wa ufukweni huku ughaibuni ninakoishi. Tamthilia ilihusu wapenzi wa jinsia moja wa kwanza kuandamana nchini humu kudai haki zao.

"Ule wa mbele iko mtoto yangu," akaninong'oneza. "Alisema nisikuje."

Kijana alipomwona mama yake, alirudi nyuma hatua moja. Kisha akayasema maneno ya mhusika wake, kwa sauti ndogo: "Mimi ni shoga, na nimechoka kujificha."

Mama akasimama. Nikadhani anaondoka. Kumbe alifungua kitenge chake cha juu, akapanda jukwaani, akakitandaza mbele ya mwanawe kama tunavyowatandikia maharusi, akapiga kigelegele.

"Pita, papa," akamwambia, kama Wakongo wanavyomwita mtoto wa kiume kwa upendo.

Polisi wa mchezo, waliotakiwa kumkamata papo hapo, walitazamana. Mmoja akavua buti kwanza, ndipo akakanyaga. Tulicheka hadi machozi.

Mwongozaji alituambia baadaye kwamba historia haikwenda hivyo. Ingependeza kama ingekwenda.

Kesho yake asubuhi nilimpigia simu mama yangu kule Tanga, nikamsimulia yote, hata mchezo ulihusu nini, kisha nikasubiri nisikie kama na mimi angenitandikia kitenge.