Mzee Aliyeuliza Habari za Nai

Haya sikuyaota wala sikusimuliwa. Yalinifika mwenyewe, mchana kweupe, nyumbani kwetu Kibokoni, na mpaka leo nikiyataja nashindwa kumtazama mtu usoni.

Kazi yangu ni kutunga muziki wa harusi. Sina wapigaji. Nina kompyuta iliyojaa sauti za ala za kila nchi. Watu walirekodiwa huko, sauti moja moja, nami nabonyeza kinanda tu. Alasiri ile nilikuwa chumbani kwangu ghorofani, natia nai, ile filimbi ya mwanzi, kwenye wimbo wa bibi harusi mmoja wa Kizingo. Mzee mmoja akatokea mlangoni. Kanzu safi, kofia, mwembamba sana.

"Salaam aleikum. Nani apuliza nai humu?"

"Waaleikum salaam, karibu mzee. Hapana mtu. Ni kompyuta."

Akaketi. "Na huyo aliyepuliza, huvuta pumzi saa ngapi?"

Nikacheka. Nikamwambia huyu hana haja ya pumzi, tazama. Nikakandamiza kidole nikakiacha pale pale. Sauti ikaenda, ikaenda. Nilikuwa najionyesha, sikufichi. Nikamwona amefumba macho, midomo ameikunja, vidole vyafunika matundu hewani. Nikadhani amefurahi. Kisha mishipa ya shingo ikamtoka, akanipungia mkono niache. Niliacha? Wallahi nilizidi kukandamiza, maana nilitaka kuona ataishia wapi. Akaanguka kwa magoti. Hapo ndipo nikainua kidole.

Alivuta pumzi kama mtu aliyetolewa majini. Halafu akasema, kwa adabu kabisa, "Ahsante, mwanangu."

Wewe ungemjibu nini? Mimi nilikimbia chini kumletea maji. Mama alikuwa amekaa kwenye ngazi akichambua mchele, na ngazi yetu ni hiyo hiyo moja. Nikamwambia maji ni ya mzee aliye juu.

"Mzee gani?" akaniuliza. "Tangu adhuhuri hakupita mtu hapa."

Niliporudi, chumba kitupu. Mto wa kiti umelowa jasho.

Ule wimbo ulipigwa harusini. Kila penye nai palisikika mtu akitweta, na wageni wakageuka kunitazama. Nimezifuta sauti zile, nimebadilisha kompyuta, bado anatweta. Siku hizi namwita mpigaji wa kweli, nami hubeba vyombo vyake.

Basi wewe unayetunga kwa pumzi za watu usiowajua, akija mtu kukusikiliza, muulize jina kabla ya kumwonyesha lolote. Mimi sikumuuliza. Kila nikiinua mikono nimwombee dua, sijui nimtaje nani.