Sauti ya Mama Émerance Ndani ya Wimbo

Mimi na Mama Émerance tunauza samaki wakavu kwenye meza zinazopakana katika soko la mtaa wa Kenya, hapa Lubumbashi. Samaki wetu wanatoka Pweto. Mazungumzo yetu yanatoka popote, ndiyo maana mambo ya binti yake, Graciella, niliyajua tangu mwanzo.

Graciella alikuwa anasoma sheria chuo kikuu. Mwaka wa tatu akaacha. Alitaka kupiga gitaa na wenzake wawili: Jephté, mpiga ngoma, na Kiki, msichana wa gitaa la besi. Bendi yao wakaiita Courant Inarudi, kwa sababu ndivyo mtaa mzima unavyopaza sauti umeme ukiwaka tena. Muziki wenyewe ni wa mbio, magitaa yanakwaruza, mwimbaji anaimba kama anayegombana na mtu aliye ng'ambo ya barabara. Wao wanauita pop punk. Mama Émerance aliuita makelele.

Siku Graciella alipomwambia kwamba harudi chuoni, mama yake alijibu neno moja baya. "Kama ni vile, utafute kwako."

Graciella akachukua begi na gitaa, akaenda kukaa kwa Kiki, mtaa wa Bel-Air. Msimu wa baridi ukapita, mvua za kwanza zikaanza, hakuna aliyempigia mwenzake simu. Mama Émerance alikuwa akiniambia, "Mutoto ana kichwa nguvu," nami nilikuwa nikijua kichwa hicho alikirithi kwa nani.

Kisha mteja mmoja akapita mezani kwake na kusema, bila nia mbaya, "Nilimuona Graciella. Anakonda sana." Mama Émerance alimfungia yule mteja samaki, akamshukuru.

Jumapili, baada ya ibada, alipika bukari, ndiyo ugali wetu, na sombe ya majani ya muhogo, akakaanga samaki, akavifunga vyote kwenye beseni kwa kitenge. Akapanda pikipiki hadi Bel-Air, beseni mapajani. Bendi ilikuwa inafanya mazoezi kwenye gereji ya mjomba wa Jephté. Alibisha hodi, lakini ngoma zilikuwa zinanguruma mle ndani na hakuna aliyesikia. Akasukuma mlango mdogo.

Hakujua kwamba siku hiyo walikuwa wanarekodi. Wimbo uliitwa "Sirudi", na Graciella alikuwa ameuandika yeye mwenyewe. Una mahali pamoja ambapo vyombo vyote vinanyamaza ghafla kabla ya kiitikio. Ilikuwa ni hapo hapo Mama Émerance aliposimama mlangoni, akawaona vijana watatu wamelowa jasho, akauliza kwa sauti yake ya sokoni kama wameshakula:

"Mulisha kula?"

Jephté alicheka hadi akaangusha kijiti. Graciella hakucheka. Mama akaweka beseni juu ya kisanduku cha spika, akasema, "Kitenge mutanirudishia," akatoka. Aliniambia baadaye kwamba alitembea mpaka barabara kubwa akijilaumu kwa nini hakumshika mtoto wake hata mkono.

Kuhusu ile rekodi, Kiki alinisimulia. Graciella alitaka kuifuta. Jephté akaisikiliza, akairudia, akasema, "Graciella, hii ndiyo wimbo." Wakaiacha ilivyo: gitaa, hasira, kimya, swali la mama, halafu kiitikio.

Wimbo ukatoka kwenye simu ya mtu huyu ukaingia ya mtu yule. Redio zikaupiga. Madereva wa pikipiki wakawa wanasalimiana kwa maneno yale. Asubuhi moja vijana wa kubeba mizigo walipita sokoni, mmoja akaitambua sauti yake akiita wateja, naye akapaza yake, "Mama, mulisha kula?" Meza zote zikacheka. Mama Émerance akanigeukia. "Banacheka nini?"

Nilimwekea wimbo kwenye simu yangu. Alisikiliza amefumba macho. Alimsikia binti yake akiimba, "Usiningoje ku mulango, sirudi tena." Halafu akajisikia mwenyewe. Akanirudishia simu, akafunika samaki wake, akasema, "Mutoto amenifanya kichekesho ya muji muzima." Akaenda nyumbani. Kesho yake hakuja sokoni, na siku iliyofuata hakuja pia. Nilimtuma mwanangu Mwenya akamwambie Graciella.

Graciella alikuja nyumbani kwa mama yake, mtaa wa Katuba, ameshika kile kitenge, kimefuliwa na kukunjwa. Nilikuwapo, nimekuja kumjulia hali mgonjwa asiyeumwa. Nilitaka kuondoka, Mama Émerance akanishika mkono nibaki.

"Mama," Graciella akasema, "nilikuya kukuuliza kitu. Tunatengeneza video. Nataka ukuwe ndani."

"Ili bantu bacheke muzuri?"

"Habacheki weye, mama. Banalia. Kuna bantu bananiandikia toka Kolwezi, toka Likasi, banasema ile sauti ni ya mama yabo."

Mama Émerance alikunja kitenge upya ingawa kilikuwa kimeshakunjwa. "Weye ulisema haurudi tena."

"Ile ilikuwa wimbo, mama."

"Na mimi nilisema utafute kwako. Ile haikukuwa wimbo." Akakiweka kitenge kando. "Unisamehe, mama yangu."

Huku kwetu tunamwita binti yetu mama, tukimpenda. Graciella alipiga magoti pale pale na kuweka kichwa mapajani mwake. Mimi nikaenda kuangalia moto jikoni, ambao haukuwa umewashwa.

Video ilipigwa pale pale, uani kwa Mama Émerance. Mpigapicha, Anselme, aliyezoea harusi, alitaka Mama Émerance avae wigi na gauni la kung'aa. Alikataa. Alivaa blauzi yake ya kazi na kusonga bukari kwenye sufuria kubwa, na bukari ilikuwa ya kuliwa kweli. Majirani waliokuja kutazama aliwakalisha.

Lakini zamu yake ya kusema ilipofika, ulimi ulikauka. Vyombo vikinyamaza, naye ananyamaza. Anselme akasema warudie, wakarudia, wakarudia tena. Jasho likamtoka. Mwishowe Graciella akalisukuma gitaa mgongoni, akasogea karibu. "Usiangalie camera, mama. Uniangalie mimi."

Mama Émerance akamwangalia. Akaona mifupa ya shingo, nywele fupi ambazo hakuwa amezizoea. Akasahau maneno ya wimbo, akauliza taratibu, "Weye, ulisha kula?"

Jephté alikosa mdundo. Graciella aliingia kwenye kiitikio machozi yakimtiririka, na Anselme hakuzima kamera. Ukiitazama video hiyo leo, ndivyo ilivyo, na mdundo uliokosewa umo.

Sasa Courant Inarudi wanaalikwa miji mingi. Graciella bado anakaa Bel-Air. Mama yake bado anataka amalize sheria, na muziki wenyewe bado unamuumiza kichwa. Kwenye tamasha la kwanza alisimama hadi mwisho, pamba masikioni. Graciella anampigia mama yake simu kila asubuhi nikiwa napanga kapenta, wale dagaa wetu. Juzi walibishana juu ya chuo hadi simu ya mama ikazimika. Mama Émerance akaazima yangu ili aendelee kubishana.