Sinia la Futari Ndani ya Kompyuta

Ibtisam Azzan wa Kiponda alikuwa akisomesha kompyuta kwenye darasa dogo la Mpendae, lakini moyo wake ulikuwa kwenye mchezo. Mwaka mzima alikuwa akiujenga Mji Mkongwe ndani ya skrini, kichochoro kwa kichochoro. Mchezaji anakabidhiwa sinia la futari Malindi, na anatakiwa alifikishe kwa jirani wa Shangani kabla ya adhana ya magharibi. Akipotea njia, uji unapoa. Hakuna aliyemtuma. Aliwaona tu watoto wa Unguja wakikimbia kwenye miji ya watu katika michezo ya kompyuta, akasema na wakimbie kwao.

Aliujenga kwa kihariri, programu ya kutengenezea michezo aliyoipata kwenye sidii, na mchezo wenyewe ulikuwa bado haufunguki ila ndani ya kihariri hicho. Picha alizichora shoga yake Kazija, mpiga piku, ile rangi nyeusi ya mapambo, na hina wa Michenzani, ambaye mkono wake uliokuwa ukipamba maharusi ulizoea kipanya upesi kuliko walivyotarajia. Kompyuta ilikuwa moja, nyumbani kwa Ibtisam.

Idi ya mwaka elfu mbili na tatu ilipokaribia, waliahidiwa meza ya kuuonyesha mchezo kwenye ukumbi mmoja karibu na viwanja vya Mnazi Mmoja. Kazija akatia programu mpya ya kuchorea, apate kunakshi milango vizuri. Asubuhi yake Ibtisam akafungua kihariri, hakikufunguka. Kiliandika jina la faili moja, kikasema halifai, kikajifunga.

"Kazija, umeniulia mchezo!"

"Mimi? Wallahi sikugusa kitu chako. Nimetia changu tu."

Kazija akajifunika uso kwa kanga. Fundi wa kompyuta, Yussuf, alipoitwa alitazama, akashauri kompyuta ifutwe yote, waanze upya. Ibtisam akamshukuru, akamsindikiza mpaka mlangoni. Afute? Kazi yote ilikuwa humo humo, wala hakuwa na nakala.

Akakaa na lile jina la faili. Alijua kuwa programu hazibebi kila kitu peke yake. Kwa baadhi ya kazi hutegemea mafaili ya pamoja, maktaba inayowekwa pahala pamoja ili kila programu ichote humo. Akalitafuta kwenye folda hiyo ya wote, akakuta ni la zamani mno. Akalitazama la kwenye sidii yake: jina lile lile, ila jipya.

"Njoo, shoga," aliita. "Kumbe programu yako imekuja na faili lake la zamani, ikalikalia la kwangu."

Akalirudisha jipya. Kihariri kikafunguka! Kazija akapiga makofi, kisha akajaribu programu yake ya kuchorea. Hiyo sasa ndiyo iliyokataa.

"Basi nitoe yangu," Kazija alisema kwa unyonge. "Mchezo ni wako."

"Mchezo wetu. Na milango hiyo ataichora nani?"

Ibtisam akafikiri. Kwani lazima programu zote zichote pahala pamoja? Akalikopi faili jipya, akaliweka ndani ya folda ya kihariri chenyewe, ambamo kihariri hutafuta kwanza, na lile la zamani akalirudisha kule kwa wote. Akabonyeza. Programu ya kuchorea ikafunguka. Akabonyeza tena, kihariri nacho kikafunguka, kila kimoja na faili lake, na vichochoro vya Hurumzi vikajitandaza kwenye skrini kama vilivyokuwa.

Wakakumbatiana, wakicheka na kulia pamoja, mpaka mama yake Ibtisam, Bi Dalal, akatoka jikoni kuuliza nani kachumbiwa.

Siku ya Idi ukumbi ulifurika. Watoto wenye nguo mpya walisukumana mbele ya meza ilipowekwa kompyuta ya Ibtisam, na wazazi nyuma yao wakaanza kubishana kwa sauti.

"Kata kushoto hapo, kwa muuza kahawa!"

"Kushoto kuna ukuta! Mimi nimezaliwa mtaa huo!"

Msichana mmoja wa Mtoni, Ummy, akashika kipanya. Akapita Kiponda, akapita Hurumzi, akakwepa baiskeli, akaingia Shangani. Mlango wa nakshi wa Kazija ukafunguka, mwenye nyumba akapokea sinia, na papo hapo adhana ikasikika kwenye kompyuta. Ukumbi mzima ukapiga kelele. Kazija alipanda juu ya kiti, akapiga vigelegele mpaka sauti ikamkauka.

"Nani kautengeneza?" mzee mmoja aliuliza.

"Sisi," Ibtisam akajibu, akimshika mkono shoga yake. "Sisi wawili, hapa hapa Unguja."