Nyumba Mbili Zilizobaki Benki

Juzi, katika benki moja hapa Nyeri, bwana mmoja alikuwa ameshika kalamu tayari kutia sahihi mkopo wa nyumba. Mkewe, muuza maharagwe wa soko la Kagio, akaufunika mkono wake na kumgeukia karani.

"Hii miaka ishirini ikiisha, tutakuwa tumelipa pesa ya nyumba ngapi kama hii?"

Karani akakohoa. "Kama tatu hivi, mama. Ni riba."

"Ati tatu? Mtu akinilipa gorogoro tatu za maharagwe, anabeba mikebe mitatu, na namwongezea kiganja juu. Wewe unanipa moja, na hata nyongeza hakuna?"

Bwana akarudisha kalamu mfukoni.

Nami niliyekuwa nyuma yao kwenye foleni, nyumba yangu nailipia mkopo vivyo hivyo. Jioni nilizunguka ua mzima nikitafuta zile nyumba mbili zingine.