Mkoba Uliokwama Beni

Vita vilipokata barabara ya Kampala, magharibi ya Uganda ilibaki kama chumba kisicho na mlango. Chumvi, sabuni na dawa zilipita juu ya Rwenzori, migongoni mwa wabebaji waliotoka upande wa Zaire. Mama yangu aliishi chini ya mlima huo, upande wetu, na pumu yake haikuwa na habari ya vita.

Mimi nilikuwa Rågsved, mtaa mmoja huko kwa Waswidi, nikiwa na shahada ya jiografia na kazi ya kuosha vyombo. Mlima niliweza kuuchora mezani, mito na miinuko yake yote, huku mke wangu akinisubiri niondoe penseli apange sahani.

Rafiki yangu Mkongo wa mtaa wa Akalla alikuwa anakwenda kwao Beni, upande wa Zaire wa mlima. Nikatafuta dawa za pumu, na sisi Waganda wa mtaani tukaafikiana kwamba mlima unataka mkoba wa mlimani. Tukanunua ule wanaoubeba Waswidi wakipanda milima yao: wa kijani, mikanda miwili mabegani, mmoja kiunoni. Niliujaribu mbele ya kioo.

“Umependeza,” mke wangu alisema. “Mtu angedhani unakwenda wewe.”

Wiki kadhaa baadaye rafiki yangu alipiga simu kutoka Beni.

“Ndugu, ule mufuko batu banaukataa.”

“Ni mzito?”

“Hapana. Kule juu mutu anabeba na kamba ya kichwa. Mwenye mikanda ku mabega, kwa mbali, ni askari. Banamupiga risasi mbele ya kuuliza. Weye si wa kule?”

Nilikuwa wa kule. Nililelewa kwa kuni ambazo mama aliziteremsha kutoka mlimani, kamba ikimpita kwenye paji la uso, hata Jumapili kanisani alama yake ikionekana.

“Basi zitie kwenye gunia.”

“Nilisha kutia. Lakini babebaji banapandaka pamoja, soko ikiisha. Bale balisha kwenda nikitafuta gunia. Sasa banapigana kule juu, njia imefungwa.”

“Itafunguliwa lini?”

“Uulize mulima, profesa.”

Simu ikakatika. Binti yangu akaniuliza, kwa Kiswidi, kwa nini bibi asiende tu duka la dawa. Nikamwambia limefungwa.

“Basi kesho,” alisema, akarudi kwenye katuni zake.

Nami nikaendelea kukaa karibu na simu, ingawa mama hakuwa na simu.