Mpishi wa Chumvi Aliyeandikwa Hana Kazi

Siku akida wa Mdachi alipokuja na karani wake kuandika watu wasio na kazi, Mwantumu alikuwa na kapu la udongo kichwani na jingine mkononi, jasho limemjaa machoni hata hakumwona aliyekuwa akimwita. Alidhani ni mteja. Akajibu kwamba chumvi ya leo bado haijakauka, aje kesho.

"Nakuuliza kazi yako," akasema akida.

Mwantumu akatua kapu, akafuta uso kwa ncha ya kaniki, akageuka kutazama nyuma yake. Pale kwenye uwanda mtupu unaopakana na mikoko, mwendo wa asubuhi nzima kutoka Ruaruke, alikuwa na vyungu vitatu motoni. Alikuwa na vikapu vinne vimetundikwa kwenye vijiti, vimetandikwa majani, vimejaa udongo wa chumvi alioukwangua kabla jua halijawaka. Juu yake amemimina maji, na maji yale yalikuwa yakichuruzika matone kwa matone kwenye mitungi, yakingoja kupikwa. Viganja vyake vilikuwa vimepasuka tangu ujana. Kama hiyo haikuwa kazi, basi Mwantumu hakujua kazi ni kitu gani.

"Napika chumvi, bwana."

"Chumvi kila mtu anapika. Kazi ni shamba la pamba la serikali. Karani, andika: hana kazi."

Karani akaandika, huyo akaondoka na daftari lake, na Mwantumu akarudia vyungu vyake. Mama yake, Mashavu, alimfundisha kazi hii angali mtoto asiyejua kufunga nguo. Alimfundisha kuchovya kidole mtungini na kuonja, kwa kuwa maji yasiyokolea humaliza kuni bure. Ulimi wa Mwantumu haukuwahi kukosea. Toka Bungu mpaka Dimani watu walitia mchuzini chumvi yake, akida mwenyewe akiwamo, na leo bwana yule yule anasema mpishi wake hana kazi! Alicheka kidogo, kisha akaona hachekeshwi na kitu.

Akaenda kwenye pamba, angefanyaje? Walioandikwa "hana kazi" walikuwa wengi: mfinyanzi, mhunzi, hata mkunga. Walichuma pamba tangu alfajiri huku mpunga wao wenyewe ukiliwa na ndege, na msimamizi akipita na kiboko. Siku moja msimamizi akamsifu Mwantumu kwamba ana mikono myepesi. Sifa ile ilimchanganya kuliko kiboko. Alikuwa akiichukia pamba kwa moyo wake wote, na bado mikono haikujua kufanya jambo ovyo.

Kisha vita vikaja. Ikasikika kwamba watu wa milimani, huko kusini, wameing'oa pamba yote. Ikasikika kuna dawa inatolewa Ngarambe, maji ya kunywa na kujipaka, na mwenye dawa hiyo risasi ya Mdachi haimwingii. Msimamizi akatoroka bila kuaga. Watu wakajificha porini na kuku wao. Mwantumu yeye alisimama katikati ya shamba lisilo na mwenyewe, hajui ashangilie au alie, mwisho akachukua kapu lake akarudi mikokoni kukwangua udongo.

Kumbe amejiponza. Watu walikaa wakafikiri, wakaona haiwezekani. Mwanamke ameachishwa kupika chumvi, akapelekwa pambani, vita vimeingia, kila mtu kakimbia, yeye peke yake yuko mikokoni anachuja maji mchana kutwa! Chumvi gani hiyo? Wakakubaliana kwa kunong'ona kwamba Mwantumu amepewa dawa.

Wa kwanza kufika alikuwa Mrisho, mume wa binti yake Mwanawetu. Alivua viatu mbali, akachuchumaa mbali, kama inavyompasa mtu mbele ya mama mkwe wake.

"Shikamoo, mama."

"Marahaba, mwanangu. Mwanawetu hajambo?"

"Hajambo. Nimekuja kwa shida, mama. Njia ya Ngarambe askari wameifunga. Wenzangu wote wana dawa, mimi sina. Tumesikia ipo kwako."

Mwantumu akafungua kinywa amwambie, maji ya chumvi haya, mwanangu, rudi kwa mkeo. Lakini Mrisho alikwishaunyosha mkono na kibuyu, macho ameyainamisha.

"Sote tunajua unavyotaabika kwa ajili yetu," akasema. "Kazi yako hii ni kubwa, mama."

Kazi! Tangu siku ya daftari hakuna aliyelitamka neno hilo mbele yake kwa heshima. Lilimpendeza, nisimsingizie mengine, lilimpendeza mpaka akasahau alichotaka kusema. Akachovya kidole mtungi huu na mtungi ule, akachagua maji yaliyokolea kuliko yote, kama anavyomchagulia mteja mwema, akakijaza kibuyu. Mrisho akakipokea kwa mikono miwili. Mwantumu alipokumbuka kumwita, kijana alikwishapotelea mikokoni.

Hazikupita siku sita wakaja askari, na shaushi, mkubwa wao, mbele. Akida alikuwa nyuma yao, amesawijika. Shaushi akatazama vikapu vinavyochuruzika, mitungi, majani, akaagiza kamba.

"Unatengeneza dawa," akasema. "Kazi yako hiyo?"

Mwantumu akamtazama akida. Alitaka kusikia bwana yule atajibu nini.

Akida naye aliiona kamba. Dawa ikitengenezwa katika nchi yake, shingo ya pili ingekuwa yake. "Huyu mpishi wa chumvi!" akasema upesi upesi. "Ndiyo kazi yake, na ya mama yake kabla yake. Hakuna mwenye kazi nzuri kama huyu. Mimi mwenyewe naila chumvi yake!"

Shaushi akachovya kidole, akaonja, akatema. "Kuna mtu uliyempa maji haya?"

"Hakuna," akasema Mwantumu. "Yakiwa mabichi hayana faida kwa mtu."

Wakaondoka. Mwantumu amerudishiwa kazi yake, tena kwa kinywa cha aliyemnyang'anya, na hakuona furaha hata chembe.

Vita vikaisha, njaa ikafuata. Mrisho hakurudi. Waliorudi walisema alianguka wa kwanza, maana alitangulia mbele ya wote, kifua wazi, akiwacheka walioinama. Mwanawetu akahamia kwa mama yake, akawa anabeba udongo.

Siku moja, wanapanga vikapu, akauliza, "Mama, Mrisho aliniambia anapitia kwako. Alifuata nini?"

Mwantumu akalitua kapu. Mangapi angeyasema, na lipi lingekuwa la kweli?

"Chumvi," akasema.

"Ukampa?"

"Nikampa."

Mwanawetu akaongeza kuni. Akachochea moto, akauliza kama maji yamekolea, yatiwe chunguni. Mwantumu akachovya kidole, akaonja. Akaonja tena. Akajaribu mtungi wa pili, akarudia wa kwanza, na kidole kikabaki mdomoni, ulimi haumwambii kitu.

"Onja wewe," akamwambia binti yake.