Picha ya Banaba

Nilifundisha jiografia Tanga kwa miaka kumi na tisa, na katika miaka yote hiyo visiwa vya Pasifiki nilivipa kipindi kimoja. Kiribati, Tuvalu, Nauru, Tonga, Fiji: nilivitaja kama anayeita mahudhurio, kisha nikawaambia wanafunzi wasihangaike kuvikariri, havitoki kwenye mtihani. Tulipofika kwenye fosfeti nilisema ya kwetu iko Minjingu, nyingine iko visiwani huko mbali na imetokana na kinyesi cha ndege. Darasa zima likaangua kicheko. Nami nikacheka nao. Leo nikikumbuka kicheko kile natamani kujizaba kofi.

Pasifiki nilikuja kuikuta Birmingham, kwenye chumba cha kufulia cha nyumba ya wazee, Handsworth. Cheti changu cha ualimu hapa hakifai hata kufunikia chungu, kwa hiyo nafua mashuka. Mwenzangu kwenye mashine alikuwa mwanamke wa rika langu, mpana wa mabega, aliyekuja nchi hii na mumewe, Mfiji aliyejiunga na jeshi la Uingereza. Siku ya kwanza nilimwuliza kwao ni wapi. Akasema Rabi, kisiwa kimoja cha Fiji. Kisha akaongeza, "Lakini kwetu hasa ni Banaba. Hujapata kuisikia." Kweli sikuwahi, na niliona haya, mwalimu mzima.

Alinisimulia huku tukikunja mashuka, yeye ncha hii, mimi ncha ile. Banaba ni kisiwa kidogo karibu na Ikweta, peke yake baharini, na jiwe lake lilikuwa fosfeti. Waingereza walilichimba miaka na miaka, wakaling'oa pamoja na minazi iliyokuwa juu yake, likaenda kurutubisha malisho ya Australia na New Zealand. Baada ya Vita vya Pili vya Dunia watu wenyewe wakapakiwa melini, wakashushwa Rabi, zaidi ya kilomita elfu mbili kutoka kwao, wakapewa mahema msimu wa mvua. Yeye alizaliwa huko Rabi. Banaba hakuwahi kuikanyaga.

Ghorofa ya pili ya nyumba ile alikaa mzee mmoja aliyewahi kuwa karani wa machimbo hayohayo. Dunia ni ndogo, na wakati mwingine ni ndogo kwa kukukomoa. Ukutani kwake palikuwa na picha ya zamani aliyoondoka nayo ofisini siku ofisi ilipofungwa: wanawake sita mbele ya mdomo wa pango, wameshika vifuu vya nazi. Banaba haina mito. Maji yalikuwa mapangoni, na waliokuwa na ruhusa ya kuingia kuyachota ni wanawake tu. Shoga yangu alipopeleka mashuka kule kwa mara ya kwanza, alirudi akakaa juu ya kapu la nguo chafu.

"Wa tatu kutoka kushoto," akasema, "ana uso wa mama yangu. Yule ni bibi yangu."

Kwao hawakuwa na picha hata moja ya bibi huyo. Pango lenyewe hakujua kama bado lipo. Akataka picha ile kuliko kitu chochote, na akaniambia atakavyoipata. Watu wa kwao wana ombi liitwalo bubuti. Ukimwomba mtu kwa bubuti hawezi kukunyima, na kwa hiyo huombi ovyo, unaomba lile ambalo moyo umeshindwa kulibeba. "Nitakwenda nimwambie mzee: nakuomba picha hii. Basi."

Hapo ndipo mimi, mjuaji, nilipoingilia. Nikamwambia haiwezekani, mtu mzima haombwi hivyo, kwa kukabwa koo. Sisi watu wa pwani tunazunguka. Tumpelekee chai, tuisifu picha, tumwulize habari za ujana wake, mwisho ataitoa mwenyewe kwa ridhaa yake. "Niachie mimi," nikasema. Na yeye, kwa kuwa nilikuwa nimetangulia kufika nchi hii na nilijifanya nawajua Waingereza, akaniachia.

Wiki tatu tulimpelekea chai. Mzee alifurahi kupata wasikilizaji. Alituambia kazi ilikuwa safi, meli zilipakiwa kwa wakati, na watu wa kisiwa walikuwa "wenye furaha sana". Shoga yangu alikuwa akitazama picha tu. Kumbe mzee naye alikuwa akimwona. Alhamisi moja aliweka kikombe chini, akamgeukia.

"Naona unaipenda ile picha. Ungependa kuichukua?"

Mwenzangu akafungua mdomo. Kabla sauti haijatoka, mimi nikadakia, "Aa, hapana mzee, usijisumbue! Ni yako hiyo."

Kwetu, kitu hukipokei mara ya kwanza. Mtu akikupa, unasema usijisumbue. Akisisitiza, unakataa tena kidogo. Ya tatu ndiyo unanyoosha mkono. Mtoto wa Tanga anajua hilo kabla ya kujua kusoma. Na mimi, katika chumba kile chenye joto, nililisema kama nilivyofundishwa, kwa tabasamu, na kwa niaba ya mtu ambaye hakunituma.

"Haya," mzee akasema, akachukua biskuti.

Kwenye ngazi shoga yangu alinishika mkono. "Kwa nini umekataa?"

"Sijakataa. Nimekataa ya kwanza tu. Atarudia."

"Asiporudia? Kesho nitamwomba mwenyewe."

"Usiende kesho, ataona tumemvizia. Ngoja Jumatatu. Subira yavuta heri."

Nyumbani nilimsimulia mume wangu, nikitarajia anisifu. Akaweka kijiko chini. "Mwalimu, huyo ni mzungu wa Birmingham. Ukimwambia *no*, kwake ni *no*. Wewe unazunguka kama lile basi la kuzunguka mji, mwisho unashuka palepale ulipopandia. Ngoja ngoja huumiza matumbo." Nikanuna. Ukweli unaudhi zaidi ukisemwa na mtu anayetafuna.

Mzee alifariki Jumapili asubuhi. Mwanawe alikuja na mifuko myeusi, akamaliza kazi kwa saa mbili, na vitu ambavyo hakuvitaka vikachukuliwa na gari la taka siku ileile. Tulipofika Jumatatu ukuta ulikuwa na msumari tu. Tulimsihi mtu wa mapokezi ampigie simu yule mwana wa mzee. Mwana huyo alijibu kwa upole kwamba hakukumbuka picha yoyote ya pango, fremu kuukuu zote alizitupa. Mashuka ya kitanda kile yaliletwa kwetu kama kawaida. Tuliyafua, tukayakunja, yeye ncha hii, mimi ncha ile.

Nimewachukia waliochimba kisiwa kile, na nina haki. Lakini picha haikuporwa na kampuni ya machimbo. Ilipotezwa na adabu yangu, na hilo ndilo linaloniamsha usiku.

Baada ya mwezi mmoja alikuja nyumbani kwangu, mtaa wa Lozells, mara ya kwanza tangu siku ile. Hakukubali chai. Alisimama mbele ya rafu, akaonyesha atlasi yangu ya chuo cha ualimu, kitu pekee cha darasani nilichotoka nacho Tanga.

"Nakuomba hii," akasema. "Bubuti."

Nikaanza, eti imechakaa, eti nitamtafutia mpya. Akanyoosha mkono. Nikaitoa, nikampa.

Akaifungua pale pale mezani, ukurasa wa Pasifiki. Kidole kikapita Nauru, kikatafuta mashariki yake, kikarudi. Banaba haikuwemo. Akaomba kalamu, akaweka nukta juu kidogo ya mstari wa Ikweta.

Kufikia hapo nilikuwa nimeshasoma sana habari za Banaba. Nikaona kosa, na maneno laini yakajaa mdomoni: si mbaya, inakaribia, usijali.

"Siyo hapo," nikasema. "Iko chini ya mstari. Shuka."

Akaikata nukta ya kwanza, akaweka nyingine, akasubiri wino ukauke. Kisha akafunga atlasi, akaikumbatia na kuvaa koti juu yake.

"Kumbe unajua kusema," akasema, akatoka.